Romilly Ndiye Mtu Wetu

Filamu ya Interstellar ya Christopher Nolan ilitoka 2014, lakini hapa kambini bado inazunguka kwenye flashi kama imetoka juzi. Wengi wanaikumbuka kwa sehemu moja tu, ile sayari ya maji. Kwa ambaye hajaiona: dunia inakufa kwa vumbi, mazao yanaungua shambani, na Cooper, rubani aliyegeuka mkulima, anawaacha watoto wake wawili akatafute mahali pengine pa watu kuishi. Sayari ya kwanza wanayoshukia iko jirani kabisa na shimo jeusi linaloitwa Gargantua. Hapo saa moja ni sawa na miaka 7 ya duniani.

Siyo uchawi. Mvutano ukizidi, wakati unaenda polepole. Einstein alishayasema hayo zaidi ya miaka 100 iliyopita, na hata satelaiti zinazoipa simu yako ramani lazima saa zake zirekebishwe, maana kule juu zinakimbia kidogo kuliko za huku chini. Kidogo sana, kwa mwaka mzima haifiki hata sekunde moja. Kwenye sayari ya Nolan wakati unaenda polepole mara elfu sitini na kitu kuliko duniani. Mwanafizikia Kip Thorne, aliyekuja kupata Tuzo ya Nobel 2017, ndiye aliyempigia mahesabu. Wenye fizikia yao ya kidato cha nne wabishane naye.

Mimi ubishi wangu ni mwingine. Tulipoionyesha kituo cha vijana, karibu wote walisema neno moja: ile sayari ni kambi. Ati hapa siku zimesimama, huko nje watu wanasoma, wanaoa, wanajenga. Jamani, hapana. Angalieni tena. Cooper na Brand wakiwa kwenye ile sayari hawazeeki. Wanashuka, linakuja wimbi kama mlima, mwenzao Doyle anakufa, injini zinaingia maji, wanangoja zikauke, wanaondoka. Kwao ni masaa matatu na ushee. Wanapanda kwenye chombo kikubwa walichokiacha juu, wanamkuta Romilly waliyemwacha peke yake, na ndevu zimeingia mvi. Amewangoja miaka 23, miezi 4 na siku 8.

Sasa niambie, hapa kambini nani haoti mvi?

Sisi hatuko kwenye sayari. Sisi ni Romilly. Sayari iko pale mezani faili lako linapolala. Kwa anayelishika ni kikao kimoja kilichoahirishwa, likizo moja, zamu moja kumkabidhi mwenzake ambaye naye anaanza upya. Akirudi anakusalimia kama mlionana jana, na wala hadanganyi, kwake ni jana. Kwako wewe, mtoto uliyemwandikisha akiwa mgongoni ameshaota ndevu. Kambi ya Nyarugusu ilifunguliwa 1996. Hesabu ya Romilly pale imeshapitwa kitambo.

Brand, akimwona Romilly, anashtuka. Anasema alidhani yuko tayari, nadharia yote aliijua, ila kuiona kwa macho ni kitu kingine. Wakubwa zangu wa mashirika, hayo maneno mafupi yasikilizeni mara mbili. Brand siyo mtu mbaya, naye kafiwa na mwenzake kule chini. Tatizo ni kwamba saa yake na ya Romilly hazikuwa saa moja, na aliyepanga safari alipanga kwa saa ya Brand.

Filamu yenyewe nayo inafanya hivyohivyo. Romilly anapewa maneno machache, kisha inamkimbilia Cooper anayekaa kutazama video ambazo wanawe walimtumia miaka yote hiyo. Sehemu hiyo ni nzuri kuliko zote, sikatai. Tom anamaliza shule, anapata mchumba, anamwonyesha baba mjukuu, halafu siku nyingine anataja kaburi la huyo mjukuu, na mwisho anasema anamwachia baba yake aende zake. Murph, aliyekuwa amenuna hataki hata kuongea, anatokea mtu mzima wa umri uleule aliokuwa nao baba siku ya kuondoka. Kituoni palikuwa kimya kabisa, na hapa kila nyumba ina sauti za WhatsApp za ndugu zilizofika zimechelewa. Lakini machozi yote hayo ni ya aliyechelewa kurudi. Aliyengoja hatuambiwi alikula nini, aliongea na nani, alihesabu siku kwa kitu gani.

Tunaambiwa mambo mawili tu. La kwanza, alitumia muda wake kulichunguza lile shimo, akajifunza yote yanayoweza kujulikana ukiwa nje yake. La pili, Cooper anamuuliza kwa nini hakulala kwenye zile mashine za usingizi mpaka warudi. Anajibu kwamba alilala vipindi kadhaa, baadaye akaacha kuamini kama watarudi, akaona si sawa maisha yamwishie ndotoni. Nina vijana kituoni wanaosema cherehani au kompyuta watajifunza wakifika Marekani. Hao ndio wanaoipenda sana hadithi ya kambi kuwa sayari, kwa sababu kwenye sayari unatoka na umri ulioingia nao. Mmoja alipoingia alikuwa na 14. Sasa ana 25.

Baadaye Romilly anakufa kwa mlipuko kwenye sayari nyingine, karibu bila mtu kumlilia. Ningekuwa Nolan ningekata robo saa kwenye ile sehemu ya mwisho ya kabati la vitabu, ambapo watu watatu walitusinzilia kwenye benchi, nikampa yeye. Tumwone siku ya elfu tatu anaamka, anachemsha nini, anajinyoa au ameshaacha.