Kibali si Ruhusa ya Kuchafua

Istilahi "kibali cha kutiririsha majitaka", itumikayo katika utekelezaji wa Sheria ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji Na. 11 ya 2009, ni sahihi kisarufi, lakini ina kasoro mbili za maana.

Kwanza, yataja ruhusa na kuficha sharti, ilhali kiini cha hati hiyo ni kiwango ambacho mwenye kibali hapaswi kukipita. Pili, "majitaka" huleta fikra ya vyoo na mitaro. Maji ya mabwawa ya kamba, mfano wa yale ya mradi uliopingwa na wakazi wengi wa delta ya Rufiji miaka ya 1990, hayatoki chooni. Hata hivyo huweza kupeleka mabaki ya chakula na dawa mikokoni. Upande wa hewa, neno "moshi" nalo huacha nje gesi zisizoonekana.

Twapendekeza "kibali cha kikomo cha vichafuzi", kisha iongezwe "majini" au "hewani". Ni ndefu zaidi, lakini mvuvi wa Kibiti aisomapo ataelewa kwamba kipo kikomo, naye ataweza kuuliza kama kimezingatiwa.