Kumbukumbu Iliyolala Mahali katika Beloved ya Toni Morrison

Katika riwaya ya Beloved (1987), Toni Morrison anampa Sethe, mtumwa aliyetoroka Kentucky akafika Ohio, nadharia yake mwenyewe ya kumbukumbu. Kwa mujibu wa Sethe, tukio likishapita halibaki akilini mwa aliyelishuhudia tu, bali hulala pale pale lilipotendeka, likimngojea atakayepakanyaga. Ndiyo maana anamwonya bintiye Denver, aliyezaliwa safarini wakati wa kutoroka, asithubutu kufika shamba la Sweet Home.

Ni rahisi kuichukulia dhana hii kuwa dalili ya akili iliyojeruhiwa. Usomaji huo una upungufu: kama ingekuwa maradhi ya Sethe pekee, Denver, asiyewahi kuliona shamba hilo, asingekuwa na la kuhofia. Morrison anaitoa kumbukumbu katika milki ya mtu binafsi na kuikabidhi ardhi.

Hoja hii hudhihirika zaidi ikilinganishwa na Al-Inkishafi ya Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir. Magofu ya Pate nayo yamehifadhi yaliyopita, lakini ni mshairi anayeuhimiza moyo wake uyatazame upate ibra. Huko, kukumbuka ni njia ya wokovu. Kwa Sethe, mahali penyewe humvamia mpitaji, na kukumbuka ni kurejeshwa utumwani.

Hivyo basi, si sadfa kwamba Beloved anatoweka wanawake wa mtaa wanapokusanyika mbele ya nyumba ya Sethe. Kumbukumbu isiyo ya mtu mmoja haikabiliwi na mtu mmoja.