Sidney Bechet na ile miaka tunayoruka

Bandugu, leo naacha mbegu na mbolea kidogo. Niko na neno juu ya mpiga saksofoni wa jazi ya zamani, Sidney Bechet, na juu ya namna watu wanasimulia maisha yake.

Wanasimulia mbio mbio. Alizaliwa New Orleans 1897, akajifunza klarineti kwa kusikia, bila kusoma nota. Mwaka 1919 akafika London na orkestra ya Will Marion Cook, na Mswisi Ernest Ansermet, kiongozi wa orkestra ya muziki wa klasiki, akamwandikia sifa kubwa. London njo alinunua saksofoni soprano, ile iliyonyooka. Halafu hop! Tuko Paris 1949, watu wanamshangilia, na 1952 anatoa "Petite Fleur". Mwisho mwema.

Na katikati? Uingereza ilimfukuza 1922. Paris, 1928, ugomvi wa bastola ukajeruhi watu. Akafungwa karibu mwaka mzima, akafukuzwa tena. Mwaka 1933, uchumi wa Marekani ukiwa chini, kazi ya muziki ikakosekana. Yeye na mpiga tarumbeta Tommy Ladnier wakafungua duka la kushona Harlem. Bechet, yule wa sifa za Ansermet, akawa anapiga pasi nguo za watu. Nyuma ya duka, muziki uliendelea.

Ile duka inanigusa. Niko na lisansi ya agronomia, na nilipoanza kuuza vitunguu sokoni, mwenzangu wa iniversite alinisalimia akitazama pembeni. Kwake nilikuwa nimeshapotea.

Sasa fungua "Summertime", aliyorekodi kwa Blue Note tarehe 8 Juni 1939. Anaanza karibu na wimbo wenyewe, pole pole, kisha anaupandisha kwa ile sauti nene inayotetemeka, mpaka unasahau kwamba gitaa na wengine wako nyuma yake. Haombi kupendwa. "Petite Fleur" ni tamu, sikatai, lakini pale anajua tayari watu wanataka nini, na anawapa. Kwangu, ile ya 1939 inaipita mbali.

Sisemi kwamba shida inaleta ubora. Shida inazika watu. Ladnier, mwenzake wa duka, alikufa tarehe 4 Juni 1939, na miaka 39 tu. Hesabu: siku nne kabla ya "Summertime". Siku ileile ya kurekodi, Bechet na wenzake walipiga pia "Blues for Tommy", kwa ajili yake.

Njo maana nagombana na wale wanaoruka. Ukiondoa duka, unaondoa Ladnier, na hautajua ule wimbo wa pili unamlilia nani. Sikilizeni zote mbili, moja nyuma ya ingine. Na ukikutana na mwenzako wa promosheni sokoni, simama, muulize bei.