Rubisi Haimsubiri Mtu

Kuna mzee mmoja kule Kamachumu, wilayani Muleba, ambaye hata leo akiombwa rubisi, pombe ya ndizi, kwa ajili ya harusi huuliza maswali mawili kabla ya kutaja bei: siku gani, na saa ngapi. La kwanza hujibiwa upesi. La pili huwababaisha waliotumwa. Mmoja atasema "mchana mchana", mwingine atasema "tukishatoka kanisani", wa tatu atacheka na kusema, "Mzee, harusi zetu si unazijua?" Anazijua sana, ndiyo maana anauliza. Asipotajiwa saa huwatazama kama fundi cherehani aliyeletewa kitambaa bila vipimo, kisha kwa upole kabisa huwaelekeza kwa muuza bia wa jumla pale barabarani. "Ya kule ina kizibo," huwaambia. "Itawasubiri."

Neno hilo lilinikaa kichwani kuliko mafunzo yote niliyoyapata nikiwa nimeketi kwenye kigogo nyuma ya nyumba yake kiangazi kilichopita, nikimtazama akifanya kazi. Mtu asiyejua hudhani ufundi wa rubisi uko kwenye miguu inayokanyaga ndizi. Upo, lakini umetangulia zamani. Mpika rubisi huanza kazi kwa kuhesabu siku kutoka mwisho kuja mwanzo. Watu watakunywa Jumamosi alasiri. Basi mtumbwi wa rubisi ulale ukichachuka usiku wa Ijumaa. Basi ndizi zikanyagwe Ijumaa mchana. Basi alfajiri ya siku hiyo ziwe zimeiva, zisipungukiwe wala zisipitilize. Ili ziive hivyo ni lazima ziwe zimevundikwa mwanzoni mwa wiki, na juma likiwa la baridi na mawingu kutoka ziwani, siku moja mapema zaidi. Juma zima limepangwa kwa ajili ya saa moja ya kumimina.

Shimo lake la kuvundikia liko pembeni mwa kibanja, chini ya mibuni. Huwasha humo moto wa majani makavu ya mgomba hadi udongo upate joto, huzoa majivu, hutandika majani mabichi, hupanga chane, hufunika, kisha hufukia. Baada ya hapo hakuna anayeruhusiwa kuchokonoa. Siku ya kufukua, mzee huchukua ndizi moja kutoka katikati, huibonyeza kwa kidole gumba karibu na kikonyo, huimenya, huiweka ulimini na kunyamaza. Mke wake, aliyeishi na ukimya huo miaka mingi, huwa ameshika kisu akingoja. Ndizi za pombe zina ukakasi unaokaza mdomo. Zikikanyagwa kabla ya wakati hutoa majimaji kidogo yasiyo na utamu. Zikipitiliza hugeuka uji mzito usiotaka kuachana na juisi yake hata ukanyagwe mpaka jioni. Kati ya hali hizo mbili pana muda mfupi sana, na ulimi wa mzee ndio unaoujua. Akitikisa kichwa kwamba bado, shimo hufunikwa tena na kazi husogea hadi jua lipande. Akisema "haya", wanawake na watoto huanza kumenya wakiwa wamezunguka rundo, na masimulizi ya kijiji kizima hupita pale.

Kukanyaga ni kazi ya wanaume. Mtumbwi wa kukanyagia umechongwa kwa gogo moja, na kwa ndani umekuwa laini na mweusi kwa umri. Miguu huoshwa kwa maji mengi, husuguliwa kwa jiwe, na sabuni haikaribishwi. Nyasi za kuchanganya na ndizi hukatwa rweya, kule kwenye mbuga wazi nje ya vibanja, zikakauka kiasi. Vijana wawili wa mzee waliingia wakashika mti uliofungwa juu yao, wakaanza. Kwa muda mrefu ilionekana kazi bure. Ndizi ziliganda miguuni, zikapanda hadi kwenye vifundo vya miguu, zikawa tope la njano ambalo usingeamini kwamba lina kitu cha kunywewa ndani yake. Wakatupia nyasi, wakakanyaga. Wakageuza, wakatupia nyasi tena. Mzee alikuwa amekaa tu, mkongojo kati ya magoti, akisikiliza sauti ya miguu. Mara sauti ikabadilika. Tope likakubali. Kile kibonge kilichokuwa kimeng'ang'ania kikaanza kubaki kwenye nyasi, na katikati ya vidole vya miguu ikapanda juisi nyepesi, safi, yenye rangi ya asali mbichi. Vijana hawakuambiwa kitu; walipunguza kasi wenyewe. Mzee akachota kwa kibuyu kidogo, akampa mjukuu aliyekuwa amesimama muda wote huo akimeza mate.

Ile juisi ya kwanza, kabla mtama haujaigusa, ni haki ya watoto. Ina utamu usiochosha na ubaridi wa kivuli, na kwenye jua la Julai hakuna soda inayoikaribia. Mtu mzima akionja huonja kwa kisingizio kwamba anapima.

Kisha huja jaribu la maji. Nyasi zimebaki na utamu, na kuziosha kwa maji kidogo ni halali. Kila mtu hufanya hivyo. Ila mkono unaomimina maji hayo ndio unaotofautisha fundi na mfanyabiashara. Ndoo moja zaidi huongeza faida, na hakuna mgeni atakayegundua kwenye kibuyu cha kwanza. Atagundua kwenye cha tatu, atakapoona kiu haikatiki wala maneno hayaji. Mzee huosha nyasi mara moja, husema imetosha, na zinazobaki hurudishwa shambani kwenye mashina ya migomba.

Mtama hukaangwa hadi unukie na kuwa wa kahawia, husagwa ukiwa na chenga, kisha hunyunyizwa juu ya juisi iliyochujwa. Mtumbwi hufunikwa kwa majani ya mgomba, na usiku kucha unachemka bila moto. Ukipita karibu unasikia ukinong'ona. Asubuhi povu limepanda, utamu umepata uchachu na ukali wake, na harufu imevuka mpaka wa kibanja kwenda kuwaalika watu kabla ya mwenye shughuli.

Historia yake ni ndefu na haina haja ya kutiwa chumvi. John Hanning Speke alipofika Karagwe mwaka 1861 na kupokewa na mtawala wake, Mukama Rumanyika, alikuta pombe ya ndizi ikinywewa. Enzi za Bakama, sehemu ya rubisi ilipelekwa kwa mtawala, na wazee waliotangulia kufa nao walikuwa na fungu lao. Utawala wa machifu ulipofutwa Tanganyika mwaka 1963, fungu la ikulu likakosa mwenyewe. Heshima haikufa siku hiyo. Kibuyu cha kwanza kiliendelea kwenda kwa mzee, na mrija wake, na hakuna aliyegusa chake kabla yake.

Sifa ninayoitukuza zaidi, ajabu yake, ndiyo ambayo wafanyabiashara huiona kasoro: rubisi haikai. Jumamosi ni tamu, Jumapili ni kali, Jumatatu inakwenda kwenye siki au kwa mpika gongo. Aliyepika mtumbwi mzima hawezi kuufungia stoo. Hawezi kuupunja ukoo wa mke kwa nia ya kubakiza cha kuuza wiki ijayo, maana hiyo wiki ijayo haipo. Ni lazima aite watu, na akiita wachache lazima aongeze. Jirani mliyenuniana kwa sababu ya mbuzi aliyekula migomba naye ataitwa, kwa kuwa pombe ipo na muda haupo. Wazee walikuwa na kinywaji kisichokubali uchoyo, na sina hakika kama tumewahi kutunga sheria iliyofanya kazi hiyo vizuri hivyo.

Leo kwenye kumbi zetu kreti zinahesabiwa na mjumbe wa kamati mwenye daftari, kila mgeni na chupa zake mbili kulingana na mchango. Zinazobaki zinarudishwa dukani. Hakuna kinachooza na hakuna kinachofurika. Na kwa kuwa chupa inasubiri, sisi nasi tumejifunza kusubirisha watu. Kadi inasema saa nane, maharusi wanaingia saa moja usiku wakitokea kupiga picha ufukweni, mshereheshaji anaomba makofi. Nilihudhuria harusi moja ambako familia ya bibi harusi ilileta rubisi nzuri sana, ikafika saa ileile iliyoandikwa. Ikawekwa nyuma ya ukumbi kwenye madumu ya plastiki, juani. Ilipokumbukwa usiku ilikuwa imekasirika, wageni wakakunja nyuso, na nikasikia kijana akisema mambo ya kienyeji ndivyo yalivyo. Rubisi ilikuwa imewahi. Waliochelewa ni wao.

Mengine yanayoimaliza hayana mkosaji wa kumnyooshea kidole. Katikati ya miaka ya 2000 ugonjwa wa migomba uitwao mnyauko bakteria uliingia mkoani Kagera baada ya kuonekana Uganda mwaka 2001, na ukazikamata vibaya zaidi zile ndizi za pombe. Ndizi huiva mkunguni kabla hazijakomaa, na ukizikata ndani zimeoza na kuwa kahawia. Wadudu hubeba ugonjwa huo kutoka ua dume hadi ua dume, na panga lisilopitishwa motoni huupeleka shina hadi shina. Vibanja viling'olewa. Aina mpya zilikuwa zimeanza kuja hata kabla ya hapo, zikiwemo za taasisi ya utafiti ya FHIA kutoka Honduras; zinazaa mikungu mikubwa na watu wamezishukuru. Mzee anazikanyaga pia, na hazitukani, ila bado anatunza mashina machache ya zamani nyuma ya zizi, akiyavunja ua dume kwa kijiti chenye panda.

Halafu viliingia viroba, pombe kali ya mfukoni inayonywewa ukiwa umesimama na peke yako. Serikali ilivipiga marufuku tarehe 1 Machi 2017, na ilifanya vyema, lakini kizazi kizima kilikuwa kimekwisha jifunza kwamba kunywa ni jambo la kulewa upesi. Aliyezoea hivyo ukimpa rubisi huiona dhaifu. Wapikaji wenye haraka wakamsikia: sukari ya dukani, hamira ya mikate, maji ya kutosha, siku hiyohiyo iko sokoni. Wanaita hiyo nayo rubisi, na mnunuzi ambaye hajaonja nyingine atawaaminije wanaosema siyo?

Vijana wale wawili wa Kamachumu wanajua kukanyaga. Kuvundika bado anavundika baba yao, na ulimi ni wake. Nilipomuuliza mkubwa kama amejifunza kuonja, alisema oda ni chache mno. Huwezi kujifunza kwa harusi mbili za mwaka. Huo ndio ukweli wote. Ufundi huu haufi kwa kukosa anayeupenda; unakufa kwa kukosa siku za kufanyiwa kazi.

Basi wewe mwenye shughuli nyumbani kiangazi kijacho, nenda kwa mpika rubisi wa kijiji chenu mapema, wiki mbili kabla. Mlipe stahiki yake bila kumkumbusha kwamba ndizi ni za shambani. Mwambie siku na mwambie saa. Kisha, ukishasema saa nane, anza saa nane.