Teneur ya Mchezo: Mwongozo wa Kuchagua Mchezo wa Simu Usiotaka Intaneti

Kolwezi, mji wa madini wa mkoa wa Lualaba, Kongo, hakuna anayenunua mfuko wa madini kwa macho. Malakiti inaweza kung'aa kijani mpaka ukatamani kuichonga shanga, na heterogenaiti, jiwe jeusi lenye kobalti, likaonekana kama kokoto la barabarani. Mfuko ukifika depo, mnunuzi huelekeza Metorex, mashine ya kupimia madini, kwenye jiwe, inasoma, na namba inayotokea ndiyo teneur: kiasi cha madini halisi ndani ya uzito wote. Bei inaanzia hapo. Ugomvi pia.

Mchezo wa simu nao una teneur. Ile picha inayowaka rangi kwenye duka la programu ni malakiti tu. Cha kupima ni kinachobaki mkononi mega za intaneti zikiisha. Mwongozo huu ni wa mtu anayechezea simu yake Manika au Dilala, Kapata au Luilu, au ndani ya gari la Lubumbashi, safari ya takriban kilomita 300 ambayo mtandao hushika karibu na miji na kupotea katikati. Ni wa mtu anayenunua mega kwa hesabu na kuchaji simu kwa kuvizia umeme kati ya délestage (mgao wa umeme) moja na nyingine.

Ni wa mwenye kumbukumbu pia. Tarehe 31 Desemba 2018, siku moja baada ya uchaguzi, intaneti ilizimwa nchi nzima, ikarudi baada ya siku 20 hivi. Simu ya bei ghali ikawa tochi, saa na kikokotozi. Siku kama hizo ndipo mtu hujua ni mchezo upi alionao kweli na upi alikuwa ameazimwa tu.

Kipimo cha kwanza: mode avion

Michezo mingi hujitangaza kuwa haihitaji intaneti. Usibishane nayo, ipime. Ukishapakua, ufungue mara moja data ikiwa wazi, kwa sababu mingi huja kama ganda na kuvuta mafaili mengine ikifunguliwa kwa mara ya kwanza. Cheza dakika kumi. Kisha weka mode avion, ile inayokata mtandao wote, zima simu kabisa, iwashe, ufungue mchezo tena. Kuzima simu kuna maana yake: mchezo ulioachwa wazi unaweza kuishi kwa akiba ya muda mfupi ukakudanganya kwamba unajitegemea.

Ukifunguka, usishangilie bado. Rudi siku ya tatu, bado bila data. Ipo michezo inayokubali siku ya kwanza, halafu inadai ihakikishe leseni au akaunti. Nimewahi kuingia garini na mchezo niliousifu wiki nzima, na kabla hatujafika Likasi ukaniandikia kwamba nijitambulishe upya kupitia mtandao. Nilibaki kuhesabu malori ya madini.

Jina kubwa si dhamana. Super Mario Run ilipotoka 2016 ilimtaka mchezaji awe kwenye intaneti muda wote, ingawa ni mchezo wa kukimbia na kuruka peke yako. Kampuni ilikuwa Nintendo, ufundi ulikuwa wa hali ya juu, lakini kwa abiria wa Lualaba teneur yake ilikuwa sifuri.

Kipimo cha pili: mega zimenunua nini?

Uzito wa mchezo si kosa wala si sifa. Swali ni mega zile zimenunua nini. Alexey Pajitnov aliandika Tetris mjini Moscow mwaka 1984 kwenye kompyuta isiyokuwa na picha, vipande vyake vikichorwa kwa alama za maandishi. Taneli Armanto aliandika Snake kwa ajili ya Nokia 6110 ya mwaka 1997: nyoka, chakula, ukuta. Yote miwili ni midogo kuliko picha moja unayopiga leo kwa simu ya kawaida, na bado mtu mzima anaweza kukosa usingizi kwa ajili yake.

Kwa hiyo mchezo mzito uulize maswali. Je, viwanja vyake vinatofautiana, au ni uwanja mmoja uliopakwa rangi kumi? Je, sauti na picha zinakusaidia kuamua, au zinapamba tu? Mchezo wa mpira wenye timu nyingi na mienendo tofauti ya wachezaji unaweza kustahili uzito wake. Mchezo wa kupanga peremende wenye uzito uleule unatakiwa ujieleze.

Hapa pana mtego wa wanaorushiana michezo simu kwa simu ili kuokoa mega. Mara nyingi kinachohama ni ganda peke yake. Mafaili ya ndani yanabaki kwa mwenzako, na mchezo ukifika kwako unadai kupakua upya. Mchezo unaohama mzima na kufunguka papo hapo kwenye simu ya pili umeshinda nusu ya mtihani. Ila usipokee toleo lililochezewa, lile la «sarafu bila kikomo»: hujui aliyeweka sarafu hizo aliweka na nini kingine.

Kipimo cha tatu: joto la kiganja

Betri ya lithiamu yenye kobalti iliingizwa sokoni na Sony mwaka 1991, na tangu hapo kobalti imekaa upande wa chanya wa betri za simu nyingi. Kongo hutoa zaidi ya asilimia 70 ya kobalti inayochimbwa duniani, na sehemu kubwa hutoka kwenye ukanda huu wetu. Simu inapochemka mkononi mwako Kolwezi, kinachochakaa huenda kimetoka chini ya miguu yako, kikazunguka Asia, kikakurudia dukani kwa bei nyingine.

Pima hivi. Chaji simu ijae, weka mode avion, punguza mwanga hadi katikati, cheza dakika 20. Andika betri ilianza asilimia ngapi na imefika ngapi. Kisha bandika kiganja mgongoni mwa simu. Vuguvugu si neno. Ukitamani kuihamishia mkono mwingine, mchezo huo unakula umeme ambao délestage haitakurudishia, na joto linafupisha maisha ya betri yenyewe.

Fundi mzuri wa michezo hujua kupumzisha mashine. Katika mchezo wa kufikiri, kama chesi, skrini haina sababu ya kuchorwa upya mara 60 kwa sekunde wakati wewe umeshika kidevu. Mchezo bora hukupa pia uchaguzi wa kupunguza ubora wa picha. Tahadhari moja: wengi huamini kwamba mandhari nyeusi huokoa betri. Hilo ni kweli kwenye skrini za OLED, ambazo kila nukta hujiwashia taa yake. Simu nyingi za bei nafuu zina skrini za LCD, ambazo taa ya nyuma huwaka vilevile hata picha ikiwa nyeusi. Kwa simu hizo dawa ni kupunguza mwanga.

Kipimo cha nne: vidole vya vumbi

Kiangazi vumbi jekundu la barabara za migodi huingia kila mahali, na vidole havisazwi. Mchezo unaodai uguse nukta ndogo kama punje ya mtama umetengenezewa mtu mwingine.

Tazama kwa karibu Hill Climb Racing, uliotolewa na Fingersoft ya Finland mwaka 2012. Una pedali mbili tu: breki kushoto, mafuta kulia. Mtoto anaelewa kabla hujamaliza kumweleza. Lakini gari likiruka kilimani na kuacha ardhi, pedali zilezile hubadili kazi: ya mafuta inainua pua ya gari, ya breki inaishusha. Sasa huendeshi tena, unasawazisha. Ukitua kwa pua unapinduka, kichwa cha dereva kikigusa ardhi umekwisha. Ukitua kwa magurudumu yote mawili unaendelea, huku kipimo cha petroli kikishuka na dumu linalofuata likiwa ng'ambo ya mlima. Tamaa ya kasi na hofu ya kuishiwa petroli zinavutana ndani ya vidole viwili. Dereva yeyote aliyewahi kupita barabara mbovu za huku masika anaijua hesabu hiyo.

Huo ndio ufundi wa kutafuta: sheria chache zinazozaa maamuzi mengi. Ukikuta vitufe kumi na viwili kwenye skrini na huamui chochote, fahamu kwamba umepewa shughuli, mchezo haumo.

Angalia na simu inapolia. Mchezo wenye adabu hujisimamisha wenyewe, nawe ukimaliza kuongea na mama unaukuta palepale ulipouacha.

Kipimo cha tano: njaa ya matangazo

Bila intaneti matangazo hayaji, na wengi huona hiyo ni raha. Subiri. Michezo kadhaa imepangwa hivi: hatua za mwanzo ni rahisi, kisha ugumu unapanda ghafla, na njia ya kuuvuka ni kutazama tangazo upewe nguvu za ziada. Ukiwa kwenye mode avion kitufe cha tangazo hakijibu, na wewe umekwama mbele ya ukuta uliojengwa kwa makusudi. Mchezo wa namna hiyo unakufa njaa mtandao ukikatika.

Cheza mpaka hatua ya 20 bila data kabla ya kutoa hukumu. Ukishindwa, jiulize: nimeshindwa kwa kukosea, au kwa kukosa? Mchezo mzuri humshinda mtu aliyekosea. Candy Crush Saga, wa 2012, uko katikati: unafunguka bila intaneti, lakini una maisha matano, na moja likipotea hurudi baada ya nusu saa. Kwa msafiri anayetaka kucheza saa mbili, hiyo ni foleni. Kwa mzazi mwenye kijana asiyeacha simu, huenda ni sifa.

Ongeza ukaguzi wa ruhusa. Mchezo wa kucheza peke yako unataka majina ya watu uliowahifadhi wa kazi gani? Unataka kujua ulipo ili iweje? Kataa. Ukigoma kufunguka kwa sababu umekataa, ufute.

Kipimo cha sita: kumbukumbu

Cheza mpaka katikati ya hatua, kisha uufunge kwa nguvu kama betri inavyofanya ikikata ghafla. Fungua tena. Mchezo uliotengenezwa kwa heshima umehifadhi hatua iliyotangulia bila kuombwa. Uliokurudisha mwanzo haujawahi kuishi mahali umeme unapokatika. Kumbuka pia kwamba kazi iliyohifadhiwa ndani ya simu pekee hupotea ukiufuta mchezo; kabla ya kupunguza vitu kwenye kumbukumbu iliyojaa, fikiri mara mbili.

Kipimo cha saba: nafasi ya mtu wa pili

Mababu walikuwa na mchezo usiotaka mtandao: kisolo, ndugu wa bao, safu nne za mashimo na kokoto za kutosha. Ubao si lazima. Ardhi inachimbika, na kuchimba tunajua. Wenzetu wa pwani wana bao lenye mashimo 32 na kete 64. Vijiwe vyetu vina dame, ambayo huchezwa hata kwa vifuniko vya chupa. Siri ya michezo yote hii ni mtu aliyekaa mbele yako, na wale watatu waliosimama nyuma wakimfundisha kwa kelele.

Simu inaweza kuwa ubao pia. Ludo King hukubali wachezaji kupokezana simu moja. Mini Militia huunganisha simu kadhaa kwa Wi-Fi ya mmoja wao, bila kutumia mega hata moja. Lichess, ya bure na isiyo na matangazo, hukupa mpinzani wa kompyuta ndani ya simu yenyewe, na unaweza kumpunguzia nguvu kwa kadiri yako. Mchezo wenye nafasi ya mtu wa pili uongezee alama, maana watu hawachakai upesi kama hatua zilizotungwa.

Hukumu

Kati ya vipimo saba, viwili havina msamaha: mode avion na kumbukumbu. Mchezo ulioanguka hapo usiutetee kwa uzuri wa picha. Vitano vilivyobaki ni vya kupatana bei, kwa kadiri ya simu yako, safari yako na subira yako.

Mtu hahitaji michezo 30. Simu ya Kolwezi iliyopangika inatosheka na mitatu: mfupi wa kusubiria foleni, mrefu wa safari ya Lubumbashi, na mmoja wa kucheza na jirani umeme ukienda. Mingine yote ni mchanga ndani ya mfuko. Unaubeba, unaulipia uzito, na Metorex haiuoni. Leo jioni, kabla umeme haujakatika, weka mode avion ufungue michezo uliyonayo mmoja baada ya mwingine. Usiofunguka, ufute.