Gereza Lisilo na Mfungwa: Uhakiki wa Masimulizi ya Ziara ya Unguja

Ni desturi ya walimu wengi wa lugha kulipeleka darasa mahali pa kihistoria, kisha wakirejea kuwaagiza wanafunzi waandike insha. Mwalimu husahihisha tahajia, upatanisho wa sarufi na mpangilio wa aya; insha hurudishwa, na jambo likawa limekwisha. Ni nadra mwalimu kuuliza kama yale aliyosimuliwa mwanafunzi huko alikokwenda yalikuwa ya kweli, au kama yalisimuliwa vyema. Katika makala haya twakusudia kuuliza maswali hayo mawili. Twaichukua ziara ya siku moja ya Mji Mkongwe wa Unguja na kisiwa cha Changuu, nasi tutaihakiki kama tuhakikivyo hadithi au tamthilia. Ziara ina msimulizi na ina hadhira. Ina mwanzo, kilele na mwisho. Na zaidi ya yote ina maneno.

Yafaa kwanza msomaji ajue tulikotoka. Sisi twafundisha Kiswahili Chisenga, katika wilaya ya Nchelenge, pale Mto Luapula unapokaribia kuingia Ziwa Mweru, nchini Zambia. Lugha itawalayo nyumbani na sokoni kwetu ni Kibemba. Kiswahili twakisikia kwa wachuuzi wa samaki watokao ng'ambo ya Kongo, nacho ni Kiswahili chenye lafudhi na msamiati wake. Wanafunzi wetu ni watu wazima wa darasa la jioni: wavuvi, wachuuzi, mkunga mmoja, na mzee mmoja mstaafu. Walichanga nauli mwaka mzima ili waende wakaisikie lugha hii huko pwani. Tulivuka maji hadi Nchelenge, tukashika njia ya Nakonde na Tunduma, tukafika Dar es Salaam, na kutoka hapo tukapanda meli hadi Unguja.

Lakini safari hiyo hatukuwa wa kwanza kuifanya. Katika karne ya 19 misafara ya wafanyabiashara wa pwani ilifika nchi ya Mwata Kazembe na mwambao wa Mweru, ikitafuta pembe za ndovu, shaba na watumwa. Ndani ya ziwa letu kimo kisiwa kiitwacho Kilwa, jina lile lile la Kilwa ya pwani, na wafanyabiashara hao waliwahi kufanya makao humo. Wapo basi watu wa kwetu waliokwenda pwani kabla yetu, wala hawakulipa nauli. Kwa hiyo wanafunzi wetu hawakuyasikiliza masimulizi ya kiongozi wa ziara kama watalii wayasikilizavyo. Waliyasikiliza kama watu wanaopewa habari za jamaa zao.

Tukianza na fani, hatuna budi kumsifu kiongozi wetu. Kiswahili chake kilikuwa kile cha Unguja mjini, laini na chenye mizani, na wanafunzi walikinywa kama maji. Alijua kunyamaza. Alijua kuuliza swali na kuliacha likae kabla ya kulijibu. Mzee wetu alimwita "mzee wangu" na kumwamkia shikamoo kila tulipokutana naye baada ya mapumziko, na mkunga akamwita "mama". Mambo haya si madogo. Msimulizi asiyeijali hadhira yake hasikilizwi.

Dosari ya fani ilijitokeza pale alipoacha kusimulia na kuanza kukariri. Kila tulipofika mahali panapopendwa na wageni kutoka mbali, lugha yake iligeuka. Sentensi zikawa fupi na ngumu, zenye harufu ya Kiingereza, na mizaha ikaja kwa zamu kana kwamba imepangwa. Hapo tulitambua kwamba yalikuwa masimulizi aliyokabidhiwa na mtu mwingine, naye ameyasema mara nyingi mno hata hayasikii tena.

Kilele cha ziara kilikuwa Changuu. Kisiwa hiki ni chembamba, nacho kiko umbali wa kilometa tano na ushei kutoka mjini. Mashua ilipokikaribia, kiongozi alisimama akatamka kwa sauti kubwa: "Karibuni Kisiwa cha Gereza!" Kisha alitupeleka penye jengo lenye kuta nene na ua katikati, akaeleza kwamba ndani ya kuta hizo watumwa walifungwa wakingoja kuuzwa. Wanafunzi walinyamaza. Wavuvi walivua kofia. Mkunga aliushika mlango mmoja kwa mikono miwili akalia.

Sasa tuyapime maneno hayo kwa tarehe. Soko la watumwa la Unguja lilifungwa mwaka 1873, Seyyid Barghash alipotia sahihi mkataba na Waingereza. Jengo la Changuu ni la Lloyd Mathews, Mwingereza aliyekuwa waziri wa kwanza wa Serikali ya Sultani, aliyekinunua kisiwa mwaka 1893. Nalo lilikamilika mwaka 1894. Baina ya kufungwa kwa soko na kujengwa kwa kuta zile ipo miaka ishirini. Fauka ya hayo, jengo lilikusudiwa wahalifu, na hata hao hawakuletwa. Gereza lile halikupata kumfunga mfungwa hata mmoja. Kwa kuogopa homa ya manjano Serikali iligeuza kisiwa kuwa karantini, na waliolala humo ni abiria wa meli waliozuiliwa hadi ijulikane kama ni wazima.

Hatupendi kumwonea kiongozi wetu. Ipo kauli kwamba katika miaka ya 1860, kabla ya Mathews, kisiwa kilikuwa mikononi mwa Waarabu wawili waliokitumia kuwazuilia watumwa wakaidi. Kauli hiyo ina uzito wake, na kiongozi angeisimulia tungemshukuru. Lakini kuta tulizoonyeshwa si kuta za wakati huo, wala mlango ulioshikwa na mkunga haukufungwa juu ya mtumwa. Kilichotendeka ni kwamba habari ya zamani imetiwa ndani ya jengo la baadaye, kwa sababu jengo laonekana na habari haionekani.

Jina nalo limesaidia kupotosha. Kisiwa kina jina lake, Changuu, ambalo lasemekana latokana na samaki. Sisi watu wa ziwani jina hilo lilitupendeza mno, kwani nasi hatuoni aibu kuita mahali kwa jina la samaki. Lakini siku nzima tulilisikia mara moja tu. Jina la Kiingereza, lenye maana ya Kisiwa cha Gereza, limelifukuza lile la wenyewe, na sasa ladai mfungwa wa kulithibitisha. Asipopatikana, hubuniwa. Afadhali kobe wakubwa wa hapo, ambao wanafunzi waliwafurahia kweli: wa kwanza wao, wanne, waliletwa kama zawadi kutoka Shelisheli mwaka 1919, na hakuna aliyewazulia lolote.

Turudi nyuma hadi asubuhi ya siku ile ile, maana hapo ndipo penye kosa kubwa zaidi. Kabla ya kwenda baharini tulipitishwa Ngome Kongwe, iliyoko Forodhani kando ya Beit el-Ajaib. Tulikaa robo saa. Tulionyeshwa maduka ya vinyago na vikapu, na uwanja wa maonyesho ambako tamasha za filamu na muziki zimekuwa zikifanyika. Yote hayo ni kweli, nasi hatuna ugomvi na muziki. Lakini hatukuambiwa kwamba Ngome hiyo, iliyojengwa na Waomani baada ya kuwatoa Wareno mwishoni mwa karne ya 17, ilikuwa gereza hasa katika karne ya 19, lenye wafungwa hasa. Kwa hiyo ziara ilitupitisha haraka katika gereza lililofunga watu, likatuuzia vikapu, kisha likatulipisha nauli ya mashua kwenda kuliliza gereza ambalo halikumfunga mtu.

Mwalimu wa lugha ana sababu ya pili ya kusikitika. Ngome Kongwe ilijengwa mahali palipokuwa na kanisa la Wareno, na wenyeji wa zamani waliiita Gereza. Wataalamu wengi hulieleza neno letu gereza kuwa limetokana na neno la Kireno igreja, maana yake kanisa. Kanisa lilizungukwa na kuta, jina likaambaa kutoka kanisani hadi kwenye ngome. Ngome ikatumiwa kufungia watu, jina likaambaa tena kutoka kwenye ngome hadi kwenye kifungo. Mombasa nako yalipita mambo ya namna hiyo. Ngome iitwayo Fort Jesus, iliyoanza kujengwa na Wareno mwaka 1593, iligeuzwa gereza na Waingereza tangu mwaka 1895 hadi 1958. Kama lipo mahali Unguja ambapo mwanafunzi wa Kiswahili angeweza kusimama na kuona neno moja likibadilika maana mbele ya macho yake, ni pale mlangoni pa Ngome. Tulisimama hapo, na tulichoelezwa ni bei za vinyago.

Mkunazini ndipo masimulizi yalipokuwa bora kuliko kote. Kiongozi alitupeleka katika vyumba vya chini, venye dari fupi, akatuomba tuinamishe vichwa na tusiseme. Wapo wanahistoria wanaotilia shaka kama vyumba hivyo vilikuwa vya watumwa, kwa kuwa majengo ya misheni yaliinuka baada ya soko kufungwa. Shaka hiyo nayo ilistahili kutajwa. Hata hivyo mahali pale pa soko hapana shaka. Kanisa Kuu la Waanglikana lilianza kujengwa juu yake mwaka ule ule wa 1873, na aliyelisimamia ni Askofu Edward Steere. Walimu wenzetu wanalijua jina hilo kwa sababu nyingine, kwani kitabu chake cha sarufi ya Kiswahili cha Unguja kilitoka mwaka 1870, nacho ni miongoni mwa mizizi ya vitabu tunavyofundishia. Nje ya kanisa wamesimamishwa watu wa mawe ndani ya shimo, wamevishwa minyororo shingoni.

Ndani ya kanisa upo msalaba wa mti. Kiongozi aliutaja kwa sentensi moja: kwamba umetokana na mti wa mahali alipofia Livingstone. Akaendelea na nguzo. Lakini mzee wetu hakuendelea. Alibaki amesimama, kwa maana mahali hapo ni kijiji cha Chitambo, nchini kwetu, na mti wenyewe ni mupundu, ambao matunda yake kila mtoto wa kwetu ameyala. Livingstone aliliona Ziwa Mweru mwezi Novemba 1867, akafa Chitambo mwaka 1873. Moyo wake ulizikwa chini ya mti, na maiti yake ikachukuliwa kwa miguu hadi pwani na watu ambao majina ya wawili wao, Chuma na Susi, yangalipo. Majina hayo hatukuyasikia siku ile. Katika ziara nzima ya saa nane, hicho kipande cha mti ndicho kitu pekee kilichotoka kwetu kikiwa kimehifadhiwa na kuandikiwa asili yake, nacho kilipata sentensi moja.

Tuliporejea Chisenga tuliwapa wanafunzi insha kama ilivyo desturi. Wengi waliandika kuhusu watumwa waliofungwa katika gereza la Changuu. Sarufi ilikuwa safi, na ingekuwa miaka iliyopita tungeweka alama na kurudisha madaftari. Safari hii tuliwaeleza darasa tarehe zote mbili, 1873 na 1894. Mkunga alinyamaza kitambo, kisha akauliza: "Mwalimu, sasa yale machozi yangu niliyamwaga kwa nani?"

Hatukuwa na jibu la haraka, na swali hilo ndilo lililotufanya tuandike makala haya. Machozi yalikuwa ya haki, ila yalielekezwa pasipo. Waliostahili kuliliwa walipita Mkunazini, mwendo wa dakika chache kutoka Ngome, si nyuma ya kuta za Mathews. Msimulizi anayehamisha huzuni ya watu kutoka mahali pake na kuipeleka mahali panapopendeza zaidi kwa picha hawadhulumu watalii tu, bali awadhulumu waliokufa pia, kwa kuwa wao hawana kingine kilichobaki isipokuwa mahali na jina. Lakini lawama si yake peke yake. Masimulizi ameyapokea kwa wanaoiuza ziara, na sisi tuliyapokea bila kuuliza. Hata tangazo tulilolibandika ukutani mwa darasa kabla ya safari liliandikwa kwa mkono wetu wenyewe: "Tutazuru Kisiwa cha Gereza."

Kutokana na hayo twapendekeza mambo matatu kwa mwalimu atakayelipeleka darasa ziarani. Kwanza, wanafunzi waagizwe kuuliza kila mahali panaitwaje na wenyeji, na jina hilo liandikwe kabla ya jina jingine lolote. Pili, kila jengo liulizwe mwaka wake, na kila tukio mwaka wake, kisha miaka hiyo ilinganishwe. Kazi hii yahitaji hesabu ya kutoa tu. Tatu, insha ipimwe kwa ukweli wake kama ipimwavyo kwa sarufi. Kiswahili sanifu chaweza kubeba uongo bila kosa hata moja la upatanisho.

Darasa letu limekwisha kuziandika upya insha zake. Ya mkunga yaanza na samaki changu na kuishia Mkunazini, na ya mzee yote ni juu ya mupundu. Tangazo la ukutani tumelibandua, na mahali pake pana neno moja, Changuu, kwa herufi kubwa. Twawaomba walimu wenzetu, wa pwani na wa bara, wafanye kazi ya namna hii kwa mahali pa kihistoria palipo karibu nao, na watuletee walichokipata kupitia kurasa hizi.