Linux ndani ya Mac: mlango wazi, nyaraka hakuna

Apple ilipotoa kompyuta za Mac zenye chipu ya M1, Novemba 2020, wengi walidhani Linux imefungiwa nje. Sivyo. Mlango uliachwa na Apple yenyewe: zima kompyuta, shikilia kitufe cha kuwashia mpaka uingie sehemu ya urejeshaji, na humo, kwa nywila yako, unaweza kuruhusu kiini cha mfumo endeshi kisicho na saini ya kampuni. Hakuna kufuli lililovunjwa. Kilichokosekana ni nyaraka za kumwongoza mwandishi wa draiva.

Hapo ndipo ustadi wa Asahi Linux, mradi ulioanzishwa na Hector Martin, unapoonekana. Waliandika programu ndogo, m1n1, inayowaka kabla ya mfumo endeshi, kisha wakaiendesha macOS juu yake. Kila macOS ilipogusa rejista za kifaa, m1n1 ilirekodi. Ni kama mwanagenzi anayejifunza kwa kutazama mikono ya fundi mchoyo. Kwa kichakata michoro, mwenzao Alyssa Rosenzweig alinasa amri zinazotumwa na macOS, akabadilisha kidogo programu ya majaribio, akalinganisha. Mwaka 2023 draiva yao ya Linux ilithibitishwa kukidhi kiwango cha michoro cha OpenGL ES 3.1, uthibitisho ambao draiva za Apple hazikuwa nao kwa chipu hizo.

Lakini mimi nawasifu zaidi kwa spika. Spika za MacBook ni ndogo, na kikuza sauti chake kina nguvu ya kuziunguza. Kinachozilinda ni programu. Kwa hiyo Asahi walizifunga makusudi, watumiaji wakavumilia ukimya, hadi ilipopatikana huduma inayokadiria joto la koili kutokana na umeme unaopita na kupunguza sauti kabla ya madhara. Mwenye pupa angeziwasha siku ya kwanza.

Baada ya jasho hilo, usakinishaji wenyewe ni mwepesi. Amri moja ndani ya macOS inapunguza nafasi yake kwenye diski na kuandaa sehemu mpya. M1n1 inakabidhi kazi kwa U-Boot, kiwashi cha kawaida cha mifumo endeshi, na kuanzia hapo Fedora, toleo la Linux, inawaka kama kwenye laptopu nyingine.

Kwa mwenye M1 au M2, naipendekeza, akijua kwamba kitambua alama za vidole hakitafanya kazi. Weka nakala ya mafaili yako kwanza, na usiifute macOS: masasisho ya programu za ndani ya vifaa bado yanapitia humo.